Moyo wa Imani na Ugonjwa wa Wasiwasi: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara

Mimi ni mnasihi, na kazi yangu naifanyia Tanga mjini. Wengi wanaokuja kuzungumza nami, wa Ngamiani, Makorora, Chumbageni na hata Pongwe, hulalamikia jambo moja kwa maneno mbalimbali: kwamba shida za watu wengine huwaingia mwilini zikakaa, wakakosa usingizi kwa ajili ya misiba isiyokuwa yao. Maswali yaliyomo humu ndiyo wanayoyarudia zaidi. Mifano nimeichanganya kwa makusudi, ili asiwepo atakayetambuliwa na jirani yake.

Tunaposema mtu ana huruma nyingi, tunakusudia nini hasa?

Watu wa pwani tuna neno ambalo wageni hulishangaa. Mtu wa bara akisikia "nimemwonea imani yule mtoto" hudhani tunazungumzia dini, kumbe tunasema kwamba hali ya mtoto yule imetugusa moyoni. Lakini tuna pia wahka, yaani moyo kutotulia kwa kungojea baya. Tuna fadhaa, tuna jakamoyo, tuna kihoro. Watu wawili wanaweza kumwona mgonjwa yuleyule, mmoja akaingiwa na imani na mwingine akaingiwa na fadhaa, na mtaani wote wawili wakaitwa wenye huruma.

Wanasaikolojia waliifikia tofauti hiyo kwa njia yao. Mwaka 1980 Mmarekani Mark Davis alitoa dodoso lenye sentensi 28, linalopima mafungu manne: uwezo wa kulitazama jambo kwa upande wa mwenzio, wepesi wa kujitia ndani ya hadithi unayosimuliwa, imani kwa aliyepatwa, na fadhaa inayokupata wewe mwenyewe unapomwona mtu yumo katika dhiki. Karibu kila kitu nitakachokieleza hapa chini kinategemea kutenganisha fungu la tatu na la nne, yaani imani na fadhaa, ambayo katika maisha ya kila siku huja yameshikana mikono.

Je, ni kweli kwamba wenye huruma nyingi hupata wasiwasi zaidi?

Inategemea ni huruma ipi. Tafiti zilizotumia dodoso hilo zimeona mara kwa mara kwamba wenye alama nyingi katika fungu la fadhaa ndio wanaoelekea kuwa na wasiwasi mwingi. Uwezo wa kulitazama jambo kwa upande wa mwenzio hauendi hivyo, na imani yenyewe ina uhusiano hafifu tu na wasiwasi.

Chukua mfano wa mtoto aliyemwagikiwa na mafuta ya moto ya bajia. Jirani wa kwanza anautia mkono wa mtoto kwenye maji ya bomba, anatuma kijana akaite bajaji, na usiku anarudi kuuliza hali. Jirani wa pili anapiga ukelele, anatetemeka, anaingia ndani na kufunga mlango kwa kuwa hawezi kutazama, kisha halali siku tatu. Huyu wa pili hana moyo mbaya, na pengine ndiye aliyelia zaidi. Kilichompata ni kwamba kilio cha mtoto kilimfikia kama hatari inayomjia yeye, na bila ya kujua akashughulika kujinusuru na maumivu ya kuona. C. Daniel Batson, mwanasaikolojia wa Marekani, alifanya majaribio mengi juu ya jambo hili na kuona kwamba waliojaa fadhaa, wakipewa njia rahisi ya kuondoka, wengi wao huondoka, hali waliojaa imani hubaki wakasaidia hata kama mlango uko wazi.

Tahadhari moja ni muhimu. Tafiti zinazolinganisha alama za huruma na alama za wasiwasi huonyesha mambo mawili yanayokwenda pamoja, wala hazithibitishi kwamba moja ndilo lililolizaa jingine.

Mwilini hutokea nini ninapoona mtu anaumia?

Mwaka 2004 Tania Singer na wenzake, mjini London, walifanya jaribio na wanawake 16 pamoja na wapenzi wao. Mwanamke alilala ndani ya mashine inayopiga picha za ubongo. Mara alishtuliwa mkono kwa umeme yeye, mara akashtuliwa mwenzake aliyekaa kando. Baadhi ya sehemu za ubongo zinazoamka mtu anapoumia mwenyewe ziliamka pia alipojua kwamba mwenzake anaumizwa, na ziliamka zaidi kwa wale waliokuwa na alama kubwa za huruma. Sehemu zinazotambua maumivu yako wapi mwilini hazikufanya hivyo. Kwa hiyo mtu anaposema "nimeumia kama ni mimi," hasemi uongo wala haongezi chumvi: mkono haukumuuma, lakini ule uchungu aliusikia kweli.

Kinachofuata baada ya hapo ndicho kinachotofautisha watu. Nancy Eisenberg, aliyetafiti watoto kwa miaka mingi, aliona kwamba mapigo ya moyo huelekea kupungua mtoto anapomwazia aliyepatwa, na huelekea kupanda anapofadhaika. Wasiwasi ukishapanda, mwili humwaga homoni zile zile za kukimbia simba: moyo huenda mbio, mikono hulowa jasho, tumbo huvurugika, pumzi huwa fupi. Wazee huiita hali hiyo kiherehere cha moyo, na wengi wanaokuja kwangu walikwishapima presha mara tatu au nne kabla ya kufikiria kwamba chanzo kinaweza kuwa habari walizozisikia.

Kipi kinatangulia, huruma au wasiwasi?

Njia ni za pande zote mbili. Yupo aliyezaliwa mwepesi wa kuhisi, naye akichoka huangukia katika wasiwasi. Yupo pia aliyekulia katika nyumba ya ugomvi, akajifunza tangu utotoni kumsoma baba kwa mlio wa hatua zake akiingia uani, na leo kila mtu humwambia kwamba ana huruma kwa kuwa hutambua upesi nani amekasirika. Kwa maoni yangu huyo hakuanza na huruma; alianza kwa kujilinda, na ustadi huo ukamsaidia baadaye kuwajali watu.

Na wasiwasi ukizidi huipunguza huruma yenyewe. Andrew Todd na wenzake walichapisha mwaka 2015 majaribio yaliyoonyesha kwamba mtu aliyetiwa wasiwasi huelekea zaidi kuliona jambo kwa macho yake tu, akashindwa kukumbuka kwamba mwenzake huenda analiona vingine. Ndiyo maana mama mwenye wahka anaweza kumpigia mwanawe aliyeko chuoni simu kumi kwa siku, akiamini kabisa kwamba anamjali, na asitambue kwamba kijana anachokihitaji siku ile ni kuachwa asome.

Mbona wazee wetu walikwenda matangani kila mara na hawakuugua wasiwasi?

Kwanza, waliugua. Walisemwa kuwa wana kihoro, au wamechezewa, yaani wamerogwa, au ni waoga tu, wala hapakuwa na wa kuwahesabu. Lakini swali lina ukweli ndani yake, nami nimelifikiria sana.

Msiba wa mtaani ulikuwa na nyumba yake. Ulikuwa na jina la marehemu na jina la aliyefiwa, na ulikuwa na kazi ya kila mtu: wa kuchimba kaburi, wa kuosha maiti, wa kuteka maji, wa kupika, na wazee wa kukaa jamvini tu ili nyumba isiwe tupu. Aliyekwenda kuhani alikuwa na la kusema na la kushika mkononi. Kisha siku ya tatu matanga yakaanuliwa, jamvi likakunjwa, watu wakarudi shambani na baharini. Huzuni iliyobaki ilikuwa ya wafiwa, nao pia walikuwa na siku zao: arobaini, na kwa mjane eda ya miezi minne na siku kumi. Hakuna aliyemlaumu jirani kwa kucheka siku ya nne.

Sasa itazame simu. Saa tano za usiku, katika kikundi cha WhatsApp cha mtaa, inaingia picha ya basi lililopinduka barabara ya Segera kwenda Chalinze, na chini yake sauti ya mtu anayelia. Humjui hata mmoja kati ya waliomo. Huna la kupika, huna pa kwenda kukaa, huna mkono wa kushika. Moyo umeupokea msiba kana kwamba uko nyumba ya tatu, lakini mwili hauna kazi ya kufanya, na kabla hujalala imekuja video nyingine ya mafuriko ya nchi ambayo hata jina lake hukuwahi kulitamka. Msiba wa simu hauanuliwi. Mama mmoja aliniambia kwamba kwa wiki nzima alikuwa akiamka kila alfajiri kutazama kama majeruhi fulani, asiyemjua, amekufa au yuko hai, na alipopata jibu hakutulia, alianza kufuatilia mwingine.

Sisemi watu wasijue habari. Nasema kwamba imani iliyozoea kutoka kwa njia ya mikono na miguu, ikifungiwa ndani ya macho peke yake, kwa watu wengi hugeuka wahka.

Nikimkatalia wifi au shemeji wataniona nina roho mbaya. Nitafanyaje na huruma hii?

Mara nyingi hiyo si huruma, ni muhali, na hapa ndipo penye kazi kubwa kuliko kwingine kote. Imani humtazama mwenzako: ana njaa, anaumwa, amefiwa. Muhali hutazama uso wako mbele yake: atasemaje, atanuna, atakwenda kusema nini kwa mama mkwe. Unapotoa kwa imani, hata kama umebaki na kidogo, moyo hukaa. Unapotoa kwa muhali hubaki na kinyongo, kisha unajilaumu kwa kuwa na kinyongo, kisha simu ya mtu yule ikilia tena moyo unaruka kabla hujapokea. Kuruka huko ni wasiwasi, na wengi hupita miaka wakiuita upendo wa ndugu.

Kukataa kwa adabu ya pwani kunawezekana, na hakuhitaji ukali wala maelezo marefu. "Wifi, safari hii sina, niwie radhi. Jumamosi nitakuja tufue pamoja." Umesema kweli, umeomba radhi, na umetoa unachokiweza. Mara ya kwanza utatetemeka na pengine utanuniwa. Jaribu kwanza kwa mtu asiyekuwa mgumu, na kwa jambo dogo, kwa sababu anayeanza na mama mkwe hushindwa siku ya kwanza akaapa kutorudia tena.

Mimi ni muuguzi. Je, nijifunze kutohisi?

Hapana, na hata ukitaka hutaweza kwa muda mrefu. Wanaojaribu huishia kuwa wakali kwa wagonjwa mchana na kulia usiku. Mtafiti Charles Figley alieneza katika miaka ya 1990 dhana ya uchovu wa huruma, uchovu unaowapata wanaohudumia watu wenye maumivu, na dalili zake ndizo hizo: ganzi, hasira za haraka, ndoto za kazini.

Katika utafiti uliochapishwa mwaka 2014, Olga Klimecki, Tania Singer na wenzao waliwafundisha watu kwanza kuhisi kwa kina maumivu ya watu waliowaona kwenye video, na hisia zao mbaya zikazidi. Kisha wakawafundisha watu hao hao kuwaelekezea wanaoteseka nia ya upole na kuwatakia heri, na hisia njema zikarudi, ingawa video zilikuwa bado za watu wenye taabu. Utafiti ule haukuhusu dini, lakini mwuguzi mmoja nilipomweleza alicheka akasema kwamba bibi yake alikuwa akimwambia usimtazame tu mgonjwa, mwombee dua. Sina hakika kwamba ni kitu kimoja kabisa. Ninachokiona ni kwamba yeye, akiacha kujiuliza "ingekuwa ni mimi?" na kuanza kusema moyoni "Mungu amhafifishie," hupata mahali pa kuiweka hali ile na kuendelea na zamu.

Mengine ni ya kawaida lakini yana uzito: kukabidhi zamu kwa maneno kamili ili usirudi nyumbani na mgonjwa kichwani, na kuwa na mwenzako mmoja wa kumweleza jambo lililokugusa.

Nitajuaje kwamba huu ni ugonjwa, si tabia yangu tu?

Tazama muda na hasara. Wasiwasi ukidumu siku nyingi zaidi kuliko siku za utulivu kwa miezi sita, ukaruka kutoka jambo moja hadi jingine, ukaharibu usingizi, kazi au ndoa, huo si tabia. Vituo vingi duniani hutumia dodoso la maswali saba lililotolewa mwaka 2006 na Robert Spitzer na wenzake. Linauliza kuhusu wiki mbili zilizopita, kila swali lina alama 0 hadi 3, na jumla ikifika 10 kati ya 21 inafaa kumwona mtaalamu. Dodoso peke yake halimpi mtu jina la ugonjwa.

Hujabaki peke yako: Shirika la Afya Duniani lilikadiria kwamba mwaka 2019 watu milioni 301 walikuwa na maradhi ya wasiwasi.

Kahawa inaongeza?

Ndiyo, kwa walio wepesi. Vikombe vitano vya kahawa chungu barazani baada ya magharibi vinaweza kuleta mapigo ya moyo na kukosa usingizi vinavyofanana kabisa na wasiwasi. Jaribu wiki mbili kunywa asubuhi tu. Kashata haina neno.

Nimeambiwa nina jini, ndiyo maana huzuni za watu hunipanda kichwani.

Sikuambii uache kisomo. Wapo wanaotulia wanaposomewa, na kukaa na watu wanaokutakia heri si jambo dogo. Ninachokataa ni mambo matatu: kuzinguliwa kwa fedha ambazo nyumba haina, kuambiwa uache dawa za hospitali, na kupigwa au kufukizwa hadi ukashindwa kupumua. Mtu anaweza kutoka kwa sheikh akaenda kwa daktari siku hiyohiyo, na mashekhe wengi ninaowafahamu ndivyo wanavyoshauri. Nawaomba pia wanaomtaja aliyekuchezea wajiulize kama jina la jirani lilituliza au lilitia hofu mpya.

Nifanye nini wakati wahka umenishika sasa hivi?

Shusha pumzi. Vuta taratibu kwa puani, kisha toa polepole zaidi kuliko ulivyovuta, kiasi cha pumzi sita kwa dakika, kwa dakika tano. Kutoa pumzi kwa polepole husaidia mapigo ya moyo kushuka.

Kisha jiulize swali moja: jambo hili ni la nani, na je, kuna kitu kimoja ninachoweza kukifanya leo? Kama kipo, kifanye hata kikiwa kidogo: tuma elfu mbili, peleka uji, piga simu ya pole. Ukishakifanya, jipe ruhusa ya kuanua. Kama hakipo, sema hivyo kwa sauti, kisha ondoka kwenye simu na uishughulishe mikono kwa kusuka, kupepeta mchele au kufagia uwanja. Nimeona wanaotembea jioni kuelekea Raskazone wakirudi na sura nyingine, nami huwashauri wafanye hivyo siku zote, si siku ya dhiki pekee.

Vikundi vya simu vizimwe sauti kuanzia saa tatu usiku. Mwenye habari ya lazima atapiga.

Je, kuna dawa?

Zipo. Mazungumzo ya tiba yanayofundisha kuzitambua fikra za hofu na kuzijaribu ndiyo yenye ushahidi mkubwa, na wengine huhitaji pia vidonge kama fluoksetini, ambavyo huchukua wiki kadhaa kabla ya kuonyesha nafuu na havipaswi kukatizwa ghafla. Usinunue diazepamu dukani kwa ushauri wa shoga yako. Hutuliza upesi, na kwa sababu hiyo hiyo watu huizoea, kisha kuiacha kukawa ni shida kubwa kuliko wasiwasi wa mwanzo.

Niende wapi?

Anzia kituo cha afya kilicho karibu nawe, useme wazi kwamba tatizo ni wasiwasi na usingizi, maana ukisema "kichwa" utapewa dawa ya kichwa. Kwa mji wa Tanga, rufaa huelekea Hospitali ya Rufaa ya Mkoa ya Bombo. Kwa maradhi mazito ya akili mkoa una pia hospitali ya Lutindi, huko milimani Usambara, wilaya ya Korogwe, ambayo asili yake ni ya zama za Wajerumani. Mtu akianza kusema kwamba afadhali afe, asiachwe peke yake hata kwa saa moja, na apelekwe hospitali siku hiyo hiyo.

Binti yangu wa miaka saba hulia sana akimwona paka aliyegongwa. Nimzoeshe ugumu?

Usimcheke, wala usimwambie "paka tu huyo." Mwache alie, kisha mpe kazi: mtafutie jembe, mkamzike paka nyuma ya nyumba, na yeye aweke jiwe juu. Mkimaliza, mnawe mikono, kisha mle. Kesho akirudi kulia tena kwa jambo lile lile, msikilize tena kwa muda mfupi kuliko jana. Ukiona kwamba baada ya wiki kadhaa hataki kutoka nje, haendi shule, au anaumwa tumbo kila asubuhi, hapo mpeleke kwa mtaalamu amtazame.